Siku Tisa za Kutafuta Kosa

Kibanda chetu pale Kaptembwo kina milango miwili na ukuta mmoja wa mabati katikati. Kushoto niko mimi, Shiru, fundi wa nguo. Kulia yuko Maxwel Owino, fundi wa madishi ya televisheni. Juu ya milango pameandikwa FUNDI peke yake, kwa sababu mchoraji aliishiwa rangi akaahidi kurudi, na kwa miaka kumi na moja mimi nimeletewa madishi na yeye ameletewa suruali zilizopasuka. Nasema hivi mapema ili mtu asidhani haya niliyaokota sokoni. Ukuta wa mabati hauna siri.

Owino ana miaka sitini na moja. Baba yake alitoka magharibi akaja kufanya kazi ya reli hapa Nakuru, akazaa wana wawili, na Owino ndiye aliyepelekwa chuo. Alifanya kazi miaka ishirini na miwili kwenye minara ya simu, ile yenye ngoma nyeupe zinazotazamana kutoka kilima hadi kilima. Kampuni ilipopunguza watu alirudi nyumbani na sanduku la vyombo na tabia moja mbaya: hawezi kusema "kama tatu hivi" anapojua ni tatu nukta mbili. Mteja akimuuliza dishi litapona lini, atajibu, "Saa tisa na robo," na saa tisa na robo utalikuta limepona. Kwangu mimi nguo ya Ijumaa ni nguo ya Jumatatu, na bado naishi.

Kitu alichokipenda katika kazi yake ni kidogo kama dawa ya kichwa, na yeye alikiita hivyo hivyo: kidonge. Kimo ndani ya kile kichwa cha dishi kinachokaa mbele kwenye mkono wa chuma. Ukifungua kifuniko utakiona katikati ya saketi, rangi ya udongo, kimegandishwa kwa gundi. Mara ya kwanza nilidhani ni uchafu, nikataka kukikwangua kwa ncha ya mkasi. Akanishika mkono.

"Shiru, wacha. Hiyo ndiyo inafanya kazi yote. Hizo zingine ni wapambe."

Alinieleza, nami nikaelewa kadiri fundi wa nguo anavyoweza kuelewa. Kidonge ni udongo maalum uliochomwa kwenye tanuri mpaka ukawa mgumu kuliko kigae. Si chuma, na umeme haupiti ndani yake. Lakini wimbi la redio likiingia kwenye udongo ule, mwendo wake unapungua mara sita hivi, na likifika ukingoni haliponyoki kwa urahisi. Linarudi, linazunguka, linazunguka tena. Wimbi linaloenea sawasawa katika mzunguko huo ndilo linalobaki na kupata nguvu, na mengine yote yanakufa. Kwa hiyo ukubwa wa kidonge ndio sauti yake, kama ngoma za kanisani: kubwa inaguna, ndogo inalia juu. Ukikisaga kikawa chembamba, sauti inapanda. Na jua liwake, au baridi ya Molo ishike, kidonge kizuri hakiyumbi.

"Hii kitu hainanga mood," aliniambia. "Ndiyo maana naiamini kuliko watu."

Kusaga ndiko kulikokuwa kazi yenyewe. Alianza na msasa, akamalizia na unga mweupe wa Kariandusi, ule unaochimbwa karibu na ziwa Elmenteita. Aliumwaga juu ya kioo chenye maji, akaweka kidonge, akakizungusha kwa kidole kimoja. Mizunguko hamsini, anapima. Mizunguko ishirini, anapima. Ukizidisha hakuna kurudi, kwa sababu udongo uliochomwa haurudishwi. Mimi nikikata kitambaa vibaya naweka kiraka na kumwambia mwenye nguo ni fasheni.

Miaka minne iliyopita kina mama wa Sachangwan walikuja kumwona. Sachangwan iko kwenye mteremko wa barabara kuu kule kuelekea Molo, na malori yanateremka pale yakiwa mazito. Waliokuwepo mwaka 2009, moto wa lori la mafuta ulipoua watu wengi, hawahitaji kuelezwa lori ni nini. Kina mama hao wanauza karoti na viazi kandokando ya lami kwa sababu hapo ndipo magari ya wanunuzi yanaposimama. Walitaka kitu cha kuwaonya. Msemaji wao alikuwa Chepngeno, mama wa mtoto mmoja wa kike, mwenye mdomo kuliko mimi, na mimi nasifika mtaa mzima.

Owino akawatengenezea bodi. Nyuma yake kuna kisanduku kinachorusha mawimbi kuelekea juu ya mteremko. Mawimbi yanagonga lori yanarudi yamebanana, na kadiri lori linavyokuja mbio ndivyo yanavyobanana zaidi. Kisanduku kinapima huko kubanana, kinaandika mwendo kwa taa nyekundu, halafu kinaweka kila namba na saa yake kwenye kadi ndogo. Kinachoyashikilia mawimbi hayo yasipande wala kushuka ni kidonge. Kile cha kwanza kilipasuka bodi ilipoangushwa na upepo, kwa hiyo Owino akatoa kingine kwenye kichwa cha dishi kuukuu, akakisaga hapa kibandani, nikimwona, mpaka kikafika alipotaka.

Mwendo unaoruhusiwa pale ni kilomita hamsini kwa saa. Madereva wengi waliicheka ile bodi. Kina mama hawakuicheka, wakaiwekea utaratibu wao wenyewe: namba ikipita sabini, yeyote anayeiona kwanza anapiga kelele, "Mtaro!", na wote wanaacha mboga na kuruka ng'ambo ya mtaro. Mara nyingi lori lilipita salama wakarudi wakicheka. Chepngeno ndiye aliyepangusa vumbi kwenye sola kila asubuhi.

Sasa nimtaje Okeyo. Huyu ni mtoto wa kaka yake Owino. Kaka alifariki kwa ugonjwa mtoto akiwa na miaka minne, na Owino akamlea pamoja na mama yake, Nasimiyu, aliyekaa plot hiyo hiyo. Okeyo anamwita Owino baba, bila kuongeza "mdogo". Nilimshonea sare ya sekondari. Alikuwa kijana wa utani, hakuwahi kupita kibandani bila kuniuliza, "Niaje Shiru, bado unaharibu vitambaa vya watu?" Akapata leseni, akapata kazi ya kuendesha lori la mbao, na siku ya kwanza alipiga honi mtaa mzima mpaka watoto wakatoka.

Mwezi wa tatu mwaka jana, Jumanne saa nne asubuhi, Okeyo aliteremka Sachangwan na shehena ya mbao. Lori lilimshinda, likaacha lami, likapita juu ya meza tano za mboga. Kina mama wanne walikuwa tayari ng'ambo ya mtaro. Chepngeno alikuwa ameinama anafunga gunia, mgongo ameupa bodi, na kelele ya "Mtaro!" ilimfikia akiwa amechelewa. Alikufa pale pale.

Polisi walichukua ile kadi. Dakika hiyo bodi ilikuwa imeandika tisini na nne.

Okeyo akashtakiwa kwa kusababisha kifo kwa kuendesha gari kwa njia ya hatari. Tangu siku ya kwanza alisema neno moja: "Nilikuwa hamsini. Barabara iliteleza." Aliwaambia polisi, akamwambia mama yake, akamwambia mchungaji. Nadhani na yeye mwenyewe aliliamini, maana neno ukilirudia sana linakuwa kama lako. Kilichokuwa kinampeleka jela kilikuwa namba ile tu.

Wakili wake, kijana mmoja anayeitwa Jamleck, alifika kibandani amevaa viatu visivyojua matope ya Kaptembwo.

"Mzee, ni kweli hiyo kitu ya ndani uliisaga na mkono?"

"Ndiyo."

"Bila mashine?"

"Kioo, maji na unga wa Kariandusi."

Wakili akatabasamu. "Basi kesi tumemaliza. Wewe kagua hiyo bodi yako, halafu ukuje kortini useme hivyo hivyo."

"Nitasema nitakachokuta," Owino akasema. Lakini wakili alikuwa ameshageuka, simu sikioni.

Siku iliyofuata akaja Nasimiyu. Hakuingia upande wa Owino. Alikaa kwenye benchi la wateja wangu, akaongea akiwa ameutazama ukuta wa mabati, akijua shemeji yake yuko nyuma yake anasikiliza.

"Shemeji, mimi ni mtu wa kanisa. Siwezi kukuambia udanganye. Nakuomba kitu kimoja tu. Mahali utapata nafasi ya kunyamaza, nyamaza."

Halafu akafunga kitambaa chake vizuri, akaenda.

Mimi sitajifanya mtakatifu. Nilivuka nikamwambia Owino afanye alivyoombwa. Nilimwambia msema kweli ni mpenzi wa Mungu, sawa, lakini huyo mpenzi wa Mungu hana shemeji anayemsubiri nyumbani. Hakucheka. Akasema, "Ngoja kwanza. Labda kweli bodi imekosea." Nikaona usoni mwake kwamba alikuwa akilitumaini kosa hilo kama mkulima anavyotumaini mvua.

Ndipo zikaanza zile siku tisa. Alienda Sachangwan akaishusha bodi, akaileta kibandani, akakitoa kisanduku na kukifungua. Kwa rafiki yake wa zamani wa minara aliazima mashine ya kupima mawimbi. Siku ya pili nikamsikia anaita, "Shiru! Kuja!" Nikaenda mbio na futi ya kupimia ikiwa shingoni.

"Kimekosea," akasema. Macho yalikuwa yanang'aa. "Sauti yake haiko mahali nilidhani nimeiacha."

"Kimekosea kiasi gani?"

Akachukua penseli. Nilimwona anaandika, anagawa, anaandika tena. Uso ukaanza kushuka. "Nusu ya asilimia moja," akasema. "Kwa lori la tisini na nne, ni nusu kilomita." Akarudia hesabu mara tatu, na kila mara ikawa nusu kilomita.

Akajaribu joto. Aliweka kisanduku karibu na jiko langu la pasi mpaka hakishikiki, akapima. Akajaribu baridi, kwenye friji ya jirani anayeuza soda, akapima. Kilisogea kidogo sana, kiasi ambacho hata yeye mwenye nukta mbili aliona haya kukitaja. Nilimsikia akikisemesha kile kidonge kwa sauti ya chini. Mtu aliyekipenda kwa sababu hakiyumbi alikuwa anakiomba kiyumbe.

Siku ya sita alirudisha bodi kwenye mlingoti wake, pale pale ilipokuwa. Alimchukua Kiprugut, kijana wa boda boda wa hapa mtaani, akapima mita mia moja kwa kamba, akaketi na saa ya kuhesabia sekunde. Kiprugut alipita mara thelathini siku hiyo, na thelathini nyingine kesho yake. Kina mama walimtazama Owino kutoka kwenye meza zao mpya. Walijua ni baba wa nani. Hakuna aliyemtusi. Mmoja alimletea chai, na hilo, aliniambia, lilimuumiza kuliko tusi.

Majibu yakatoka kinyume. Bodi ilikuwa inasoma chini, siyo juu. Sababu aliijua tangu siku aliyoisimamisha: bodi inaitazama barabara kwa kando, kwa hiyo inaona ule mwendo unaoijia yenyewe, haioni mwendo wote. Angeweza kurekebisha hesabu. Aliacha makusudi, ili kama kuna kuonewa, dereva asionewe. Tisini na nne ya bodi ilikuwa tisini na saba ya barabara.

Siku ya tisa, saa za mchana, nilimsikia akilia nyuma ya mabati. Sijawahi kumsikia mwanaume wa umri ule akilia hivyo. Sikujua la kufanya. Nikaendelea kukanyaga cherehani, hakuna hata nguo chini ya sindano, ili asijue kwamba nasikia.

Baadaye akaja kusimama mlangoni kwangu. "Shiru, maisha yangu yote nimekuwa nikiomba kazi yangu isikosee," akasema. "Mara moja tu nimeomba ikosee."

Kortini nilikaa nyuma na Nasimiyu. Alikuwa amevaa gauni nililomshonea la Pasaka. Okeyo alikuwa kizimbani, amekonda, akatutazama akajaribu kutabasamu. Owino aliapishwa. Wakili Jamleck akasimama.

"Kifaa kilichomo ndani ya bodi hiyo, kile kinachoitwa kidonge, ulikinunua kiwandani?"

"Hapana. Nilikitoa kwenye dishi kuukuu."

"Ukakisaga kwa mkono wako?"

"Ndiyo."

"Ulipokikagua juzi, ulikuta sauti yake mahali hasa ulipodhani umeiacha?"

"Hapana."

"Yaani kimekosea."

"Ndiyo. Kimekosea."

Minong'ono ikapita chumbani. "Sina swali lingine, mheshimiwa," akasema wakili, akaketi. Mwendesha mashtaka alipekua karatasi zake. Ni wazi mambo ya vidonge hakuyajua, akaogopa kuuliza asichojua jibu lake. Naye akasema hana swali. Hakimu akaandika, akamwambia Owino, "Shahidi, unaweza kushuka."

Nasimiyu alinishika mkono. Ile nafasi aliyoiomba ilikuwa imekuja, tena bila uongo hata mmoja. Kila neno alilosema Owino lilikuwa kweli. Kilichobaki ni kushuka vidato viwili na kwenda nyumbani. Niliomba ashuke. Nakiri hivyo mbele ya Mungu na mbele ya mtoto wa Chepngeno.

Owino hakushuka. "Mheshimiwa, sijamaliza."

Wakili alisimama kupinga. Hakimu akamwinulia kalamu, akasema, "Mwache aseme."

"Kidonge kimekosea, ni kweli. Kwa lori lile kosa lake halifiki kilomita moja. Kosa lililo kubwa ni la jinsi bodi ilivyosimama, na hilo linampunguzia dereva. Lori halikuwa tisini na nne. Lilikuwa tisini na saba." Akashika ukingo wa kizimba cha mashahidi. "Dereva huyu ni mtoto wangu. Nilitafuta kosa la kumsaidia. Sikulipata."

Hakimu akaweka kalamu chini. "Hukuulizwa hayo. Kwa nini umeyasema?"

"Kina mama bado wako pale, mheshimiwa. Wanne wako hai kwa sababu waliona ile namba wakaiamini, wakaruka. Nikishuka hapa nimenyamaza, jioni itakuwa habari mpaka Molo kwamba bodi ya Owino inadanganya. Lori lingine likija, nani ataruka?"

Nasimiyu aliuachilia mkono wangu. Akasimama, akapita katikati ya watu, akatoka. Okeyo alikuwa ametazama chini, na hakuinua tena kichwa mpaka walipomtoa.

Okeyo alifungwa miaka mitatu. Kwa miezi miwili Nasimiyu alipita kibandani akinisalimia mimi peke yangu, kwa sauti kubwa, ili upande wa pili usikie kwamba haukusalimiwa. Sikumlaumu. Ni mama. Owino naye alifanya kazi yake, saa tisa na robo ikabaki saa tisa na robo, lakini aliacha kuimba, na mimi niliyekuwa nikimkaripia kwa kuimba vibaya nilianza kuukosa ule uimbaji mbovu.

Alienda gerezani mara mbili, na mara mbili Okeyo akakataa kutoka kumwona. Mara ya tatu nilienda naye, nimebeba sabuni na dawa ya meno, nikamwambia askari wa gereza anitaje mimi. Okeyo akatoka. Alipoona siko peke yangu alisita, halafu akaja akakaa nyuma ya wavu.

"Mathe ameniambia ulikaa siku tisa na hiyo mashine," akamwambia Owino. Hakumwita baba.

"Ndiyo."

"Ulikuwa unatafuta nini?"

"Kosa. Lolote. Nilitafuta vile sijawahi kutafuta kitu."

"Kwa ajili yangu?"

"Kwa ajili yako."

"Na hukupata."

"Sikupata."

Okeyo aliushika wavu. Alikuwa amewaambia watu wote kwamba alikuwa hamsini, na hakuna aliyemwamini ila mama yake na yeye mwenyewe. Sasa alikuwa anamtazama mtu pekee aliyekwenda kulitafuta neno lake ili lipate kuwa kweli.

"Basi ni mimi," akasema.

"Ni wewe," Owino akamjibu. "Nitakuja tena Jumamosi."